Kubadilisha klipu za plastiki za nje ya SUV ukiwa nyumbani

Plastiki nyeusi inayozunguka upinde wa gurudumu la SUV, pamoja na ile inayopita chini ya milango, kwa sehemu kubwa haishikiliwi na gundi wala na skrubu. Inashikiliwa na klipu ndogo za nailoni ambazo kichwa chake kimekaa upande wa plastiki na mguu wake umeingia kwenye tundu la bati. Klipu hizo zikivunjika mbili au tatu, plastiki huanza kulegea upande mmoja, hupiga kelele gari linapokimbia, hukusanya matope kwa nyuma, na mwishowe hung'oka barabarani au huinamia tairi. Kazi ya kuzibadilisha haihitaji gereji. Mtu mwenye subira, vifaa vichache na asubuhi moja tulivu anaweza kuifanya uani kwake, tena mara nyingi kwa uangalifu kuliko fundi mwenye foleni ya magari, kwa sababu ubora wa kazi hii unategemea zaidi kutokuwa na haraka kuliko nguvu za mikono.

Ninasisitiza jambo moja tangu mwanzo, kwa kuwa ndilo linaloharibu magari mengi katika miji yetu. Klipu inapovunjika, njia ya mkato iliyozoeleka ni kupitisha skrubu ya mbao au riveti kwenye plastiki hadi kwenye bati. Plastiki hutulia siku hiyo hiyo na mwenye gari huondoka ameridhika. Lakini skrubu hiyo imekata rangi, imekata praima, imekata na tabaka la zinki pale lilipokuwepo, na imeacha chuma kitupu mahali ambapo maji ya matope hufika kila mvua inaponyesha. Baada ya muda kutu huanza kuzunguka tundu, na kwa kuwa imefunikwa na plastiki, huonekana tu pale rangi inapovimba nje ya ukingo. Klipu ya kiwanda imeundwa ivunjike yenyewe ili bati lisidhurike, na nyingi kati ya zinazoingia kwenye bati la nje zina pete ya sponji au ya mpira inayoziba tundu maji yasipenye. Skrubu haifanyi lolote kati ya hayo mawili.

Mfano ninaoutumia katika mwongozo huu ni plastiki ya upinde wa gurudumu, kwa sababu ndiyo inayosumbua zaidi kwenye magari yaliyojaa barabarani kwetu, kama Toyota RAV4 ya kizazi cha ACA21, Nissan X-Trail ya T30, Subaru Forester ya SG5 na Land Cruiser Prado ya 120. Magari hayo yalitengenezwa Japani mwanzoni mwa miaka ya 2000 na mengi yalifika huku yakiwa yametumika. Kwa Kenya, ambako sheria huruhusu kuingiza gari lililotumika lisilozidi umri wa miaka 8, hata gari linaloonekana jipya bandarini limekwisha kuishi na klipu zake misimu kadhaa ya jua na baridi. Nailoni hukakamaa kadiri inavyopigwa na joto na mwanga wa jua, na klipu ambayo ingejikunja na kurudi hukatika shingo. Barabara za changarawe zenye mawimbi humalizia kazi hiyo, kwa kuwa mtikisiko wake ni mdogo lakini haukomi.

Kuzitambua klipu kabla ya kununua

Usinunue chochote kabla hujajua gari lako lina klipu za aina gani, kwani kwenye upinde mmoja wa gurudumu huweza kuwa na aina tatu tofauti. Ya kwanza ni ile ya vipande viwili, yaani kifuko chenye miguu inayotanuka na kipini cha katikati. Hii hushikilia plastiki ya ndani ya fenda, ile inayokinga matope ya tairi, na vilevile sehemu ya chini ya bampa. Baadhi yake hufunguliwa kwa kubonyeza kipini cha katikati kiingie milimita chache hadi kisikike kimeachia, kisha kichwa kizima huvutwa nje. Nyingine hufunguliwa kwa kukiinua kipini kwa ncha nyembamba. Nyingine zina alama ya nyota kichwani na huzungushwa kwa bisibisi kinyume cha saa hadi kipini kiinuke. Kosa la kuvuta klipu ya kubonyeza, au kubonyeza klipu ya kuvuta, ndilo huvunja nyingi, kwa hiyo iangalie kwa tochi kwanza. Kama kipini kimelingana na kichwa na kina kishimo kidogo katikati bila pengo la kuingizia ncha pembeni, kwa kawaida kinabonyezwa. Kama pembeni mwa kipini kuna pengo moja au mawili, kinainuliwa.

Aina ya pili ndiyo yenye thamani zaidi katika kazi hii. Ni klipu ya kipande kimoja ambayo kichwa chake huteleza na kukaa ndani ya kijumba kilichofinyangwa nyuma ya plastiki, na mguu wake wenye mabawa mawili hujikunja unapopita kwenye tundu la bati kisha hutanuka upande wa pili. Shingoni mwake huwa na ile pete ya kuziba maji. Aina ya tatu ina mguu mrefu wenye miiba mingi midogo iliyopangana kama matawi ya msonobari, nayo huingia kwa kusukumwa na aghalabu haitoki ikiwa nzima. Ukiikuta, hesabu kwamba utainunua upya hata kama haikuwa imevunjika.

Mbali na hizo kuna vitako vya plastiki vinavyokaa kwenye matundu ya mraba na kupokea skrubu ya kiwanda. Vikilegea huzunguka pamoja na skrubu, na watu wengi hudhani skrubu imekufa wakati kilichokufa ni kitako.

Njia ya uhakika ya kupata klipu sahihi ni kutumia namba ya chesisi. Ichukue kwenye kibati kilichoko chini ya boneti au kwenye nguzo ya mlango, uipeleke kwa muuzaji anayeweza kuangalia katalogi ya vipuri, naye akupe namba ya klipu ya mahali hasa unapotengeneza. Klipu nyingi za Toyota za aina ya vipande viwili zina namba zinazoanza na 90467, za Nissan nyingi huanza na 01553, na za Honda nyingi huanza na 91503, kwa hiyo ukipewa pakiti yenye namba ya mtindo mwingine kabisa una haki ya kuuliza. Kama muuzaji hana katalogi, mpelekee klipu ya zamani iliyo nzima. Maduka ya vipuri ya Gerezani na Kariakoo jijini Dar es Salaam, na yale ya Kirinyaga Road jijini Nairobi, huuza klipu kwa kulinganisha sampuli mkononi. Njia hiyo inafaa ilimradi upime vitu vitatu kwa kipimo cha vernia au hata kwa rula nzuri: unene wa mguu pale unapopita kwenye tundu, urefu kutoka chini ya kichwa hadi kwenye mabawa, na upana wa kichwa. Tofauti ya milimita moja kwenye mguu inatosha kufanya klipu icheze au ikatae kuingia.

Maoni yangu kuhusu klipu za bei nafuu zinazouzwa kwa kisanduku cha mchanganyiko ni haya. Kwa plastiki ya ndani ya fenda na kwa kinga za chini ya injini zinafaa, kwa sababu pale kinachotakiwa ni kubana tu, na zikivunjika utazibadilisha bila kugusa kitu kingine. Kwa klipu zinazoingia kwenye kijumba cha plastiki ya upinde sizipendekezi hata kidogo. Kichwa kikiwa kinene kidogo kinapasua kijumba unapokiingiza, na kijumba kikipasuka tatizo limehama kutoka kwenye klipu ya bei ndogo kwenda kwenye plastiki ya bei kubwa. Hapo lipia klipu halisi, na ununue zaidi ya idadi unayoiona imevunjika, kwa kuwa nyingine zitakatika wakati wa kufungua.

Vifaa na mahali pa kufanyia kazi

Utahitaji nyenzo bapa za plastiki za kung'olea mapambo ya gari, ambazo huuzwa kwa seti, pamoja na uma mdogo wenye mpasuko wa herufi V kwa ajili ya klipu zinazobaki kwenye bati. Kama huna, bisibisi bapa iliyozungushiwa tepu tabaka kadhaa itasaidia, ila usiitumie kamwe moja kwa moja juu ya rangi. Ongeza bisibisi ya nyota, boksi spana ya milimita 10, plaizi ya mdomo mrefu, tepu ya karatasi, tochi, ndoo ya maji yenye sabuni, brashi laini, vitambaa safi, msasa mwembamba, dawa ya kutu, praima na rangi kidogo ya gari lako. Namba ya rangi kwenye Toyota imeandikwa kwenye kibati kile kile chenye namba ya chesisi, kwenye mstari wa C/TR. Kwa mfano 202 ni nyeusi, 1F7 ni fedha, na 070 ni nyeupe ya lulu. Miwani ya kukinga macho si ya hiari, kwa sababu vipande vya klipu kavu huruka vinapokatika.

Joto lina nafasi kubwa katika kazi hii. Plastiki na klipu zikiwa baridi huvunjika upesi, jambo ambalo wakazi wa Njombe, Arusha, Limuru au Kericho wataliona wakianza alfajiri. Subiri jua liguse upande unaofanyia kazi, au tumia draya ya nywele kupasha plastiki taratibu kwa umbali wa kiganja huku ukiisogeza bila kusimama. Pwani hali ni kinyume chake: saa saba mchana plastiki nyeusi huwa ya moto na laini kiasi kwamba ikivutwa hupinda na kubaki imepinda. Huko fanya kazi asubuhi au chini ya kivuli.

Egesha gari mahali tambarare, vuta breki ya mkono na uweke kabari kwenye magurudumu ya upande mwingine. Kwa upinde wa mbele huhitaji kuinua gari. Zungusha usukani hadi mwisho, nafasi ya kutosha itapatikana nyuma au mbele ya tairi. Kwa upinde wa nyuma mara nyingine ni lazima gurudumu litoke. Hapo weka jeki mahali palipowekewa alama kwenye ukingo wa bati, kwa kawaida kati ya mapengo mawili madogo, wala si chini ya plastiki ya milango, kisha gari likalie stendi imara kabla hujaingiza mkono. Usifanye kazi kwenye gari linaloshikiliwa na jeki peke yake.

Kufungua bila kuvunja

Osha kwanza. Hatua hii huonekana ya kupita tu, lakini mchanga ulioko kati ya plastiki na rangi ndio utakaochora mikwaruzo pale utakapoanza kuvuta, na matope yaliyokauka huziba klipu usizione. Ukishaosha na kufuta, bandika tepu ya karatasi juu ya rangi kufuata ukingo wote wa plastiki, tabaka mbili, ili nyenzo yako iegemee juu ya tepu. Piga picha kadhaa kwa simu kabla ya kugusa chochote, hasa mwisho wa juu na wa chini wa upinde, ambako plastiki moja hupishana na nyingine na ni rahisi kusahau ipi hukaa juu.

Anza kwa skrubu na klipu za vipande viwili zilizoko ndani ya upinde, zile zinazoshika plastiki ya upinde na plastiki ya ndani ya fenda kwa pamoja. Kisha fungua milango na utazame kingo zake, kwani kwenye magari mengi plastiki ya upinde wa nyuma imegawanyika vipande viwili, kimoja kwenye mlango na kingine kwenye bodi, na kila kimoja huweza kuwa na skrubu iliyofichwa ambayo haionekani mlango ukiwa umefungwa. Plastiki ikikataa kutoka licha ya kuvutwa kwa kiasi, jibu karibu kila mara ni skrubu ambayo hujaiona, wala si kwamba inahitaji nguvu zaidi.

Skrubu zikishatoka, anzia kwenye mwisho mmoja wa plastiki, wa chini ukiweza. Ingiza nyenzo bapa kati ya plastiki na tepu, uisogeze hadi uhisi klipu, kisha uinue karibu kabisa na klipu hiyo. Ukiinua katikati ya klipu mbili, plastiki hupinda na nguvu zote huishia kwenye vijumba. Ivute itoke moja kwa moja kutoka kwenye bati, usiivute kwa kuipeleka juu wala chini, kwa sababu mguu wa klipu hukubali njia ile tu iliyoingilia. Utasikia mlio mfupi kila klipu inapoachia. Shika plastiki kwa mkono wa pili wakati wote ili isining'inie kwa klipu iliyobaki. Kama upinde una indiketa au sensa ya kuegesha, usiivute mbali kabla ya kufungua soketi ya waya, na kwenye fenda ya mbele kumbuka kwamba tangi la maji ya waipa mara nyingi liko nyuma tu ya plastiki ya ndani.

Baadhi ya klipu zitabaki kwenye bati, zikiwa zimeachana na kijumba chake. Hizo zing'oe kwa uma wa V ulioingizwa chini ya kichwa juu ya tepu, ukiinua pande zote mbili kwa zamu. Ikiwa kichwa kimekatika na mguu umebaki ndani, kishawishi ni kuusukuma upite. Kwenye fenda hilo halina madhara makubwa kwa kuwa kipande kitaangukia mahali unapopafikia. Kwenye mlango usifanye hivyo. Kipande kitaangukia chini ndani ya mlango, ambako kuna matundu ya kutolea maji. Kikiziba mojawapo, maji ya mvua yanayopita kwenye kioo yatatuama na mlango utaanza kuoza kutoka ndani. Shika mabaki ya mguu kwa plaizi ya mdomo mrefu, yabane mabawa yakaribiane, uyavute nje. Ikiwa kipande kimeshaanguka, sikiliza mlango unapoufunga: ukisikia kitu kinagonga, fungua bitana ya ndani ukakitoe.

Kutengeneza tundu

Hapa ndipo ningetaka msomaji atumie muda mrefu kuliko anavyodhani unahitajika. Plastiki ikiwa imetoka, utauona ukweli wa gari ambao huenda hujawahi kuuona: mstari wa matope, rangi iliyosuguliwa hadi kupoteza mng'ao, na pengine duara la kutu kwenye matundu ambayo pete zake zilikwisha kuoza. Osha tena kwa brashi, hasa kwenye mkunjo wa bati ndani ya upinde ambako matope hukaa na unyevu siku nyingi baada ya mvua. Kausha kabisa.

Bati la nje la gari la kawaida lina unene wa takriban milimita 0.7 hadi 0.8, kwa hiyo kutu haihitaji kwenda mbali ili itoboe. Kwangua kutu kwa msasa hadi uone chuma kinachong'aa na rangi nzima kuzunguka, weka dawa ya kutu kwenye vishimo ambavyo msasa haufiki, iache ikauke kwa muda ulioandikwa kwenye chupa, kisha paka praima na rangi kwa brashi ndogo. Paka ukingo wa ndani wa tundu pia, kwani ndiko chuma kilikokatwa. Usijaze rangi hadi tundu lipungue, la sivyo klipu mpya itaikwangua inapoingia na utakuwa umerudi ulikotoka. Rangi ikauke vizuri kabla ya kurudisha plastiki. Kama hali ya hewa ni ya unyevu, ni bora gari lilale bila plastiki usiku mmoja kuliko kufunika rangi mbichi. Wakazi wa Tanga, Mombasa, Zanzibar na miji mingine ya ufukweni wasiiruke hatua hii hata kama hawaoni kutu, kwa sababu chumvi iliyoko kwenye hewa hufanya kazi nyuma ya plastiki kimyakimya.

Tundu ambalo tayari limetanuliwa na skrubu ya zamani ni suala jingine. Likiwa limezidi kidogo, kuna klipu zenye mguu mnene zaidi lakini kichwa kile kile, na muuzaji mzoefu atakutafutia. Likiwa limechanika au bati limelika, klipu yoyote utakayoweka itatoka, hivyo mpe fundi wa bodi achomelee kiraka kidogo na kutoboa tundu jipya la kipimo sahihi. Ni kazi ndogo kwake, na ni heri ifanyike sasa kuliko baada ya kutu kufika kwenye mkunjo wa upinde.

Geuza sasa plastiki yenyewe uangalie vijumba vyake. Nyuma yake utaona herufi zilizofinyangwa kati ya alama mbili za mshale, kwa mfano >PP< au >PP+EPDM<, zinazoeleza aina ya plastiki. Zisome kabla ya kuchukua gundi. Plastiki ya PP haikubali gundi ya kawaida ya epoksi wala gundi ya papo kwa papo. Itashika siku mbili kisha itabanduka nzima. Kijumba cha PP kilichopasuka huunganishwa kwa kuyeyushwa pamoja na ufito wa PP kwa kifaa cha moto, au kwa gundi maalumu iliyoandikwa kwamba inafaa PP. Ikiwa herufi ni ABS, epoksi nzuri ya plastiki inatosha. Fikiria pia kama kijumba kimoja kilichokufa kinahitaji kutengenezwa: katikati ya upinde wenye klipu nzima pande zote mbili, plastiki huweza kushika bila hicho, lakini kwenye ncha za mwisho kila klipu inahesabika.

Kurudisha

Ingiza klipu zote mpya kwenye vijumba vya plastiki kwanza, usizianze kwenye bati. Telezesha kila moja hadi ifike mwisho wa kijumba, uhakikishe pete ya kuziba maji ipo na imekaa sawa, na ugeuze mabawa yafuate mwelekeo wa zile za zamani. Klipu za nailoni zilizokaa dukani muda mrefu huwa kavu na ngumu. Ziloweke dakika chache kwenye maji ya moto, si yanayochemka, zitapata ulaini wa kuingia bila kukatika. Kwa kulainisha tumia maji ya sabuni peke yake. Grisi na oili havifai, kwa kuwa huvimbisha baadhi ya mipira na huvuta vumbi.

Ikiwa plastiki ilikuwa na tepu ya pande mbili kwenye ukingo, iondoe mabaki yote, futa bati na plastiki kwa spiriti, na ubandike tepu mpya ya magari bila kuvua karatasi yake hadi uhakikishe klipu zote zinalingana na matundu. Baada ya kubandika, gari lisioshwe kwa saa 24.

Kwenye plastiki nyingi, tundu moja limetengenezwa kubana klipu bila nafasi, na matundu au vijumba vingine vimeachiwa urefu kidogo upande mmoja. Hilo si kasoro. Plastiki hutanuka kwa joto zaidi sana kuliko chuma, na nafasi hiyo ndiyo huizuia kuvimba saa za jua. Litafute tundu lenye kubana, aghalabu karibu na katikati au kwenye mwisho wa juu, uanze nalo, kisha endelea kuelekea pande zote mbili. Weka ncha ya kila klipu kwenye tundu lake, uangalie kwa jicho kwamba imeingia, ndipo ubonyeze kwa kiganja moja kwa moja juu yake hadi usikie mlio wa kukaa. Klipu isiyolia imepishana na tundu, na ukiendelea kuisukuma utaivunja. Ivute nyuma, irekebishe, urudie. Nyundo haina nafasi hapa.

Zote zikishakaa, rudisha skrubu za ndani kwa mkono bila kuzikaza hadi mwisho, tazama pengo kati ya plastiki na rangi kama ni sawa kotekote, halafu zikaze kwa kiasi. Rudisha klipu za vipande viwili kwa kuingiza kifuko kwanza kikiwa wazi, kipini kikiwa kimechomoza, kisha kibonyeze kilingane na kichwa. Unganisha soketi za waya na ujaribu indiketa kabla hujaondoa vifaa.

Zungusha usukani hadi mwisho pande zote mbili uone kwamba tairi haigusi plastiki ya ndani. Mwaga maji juu ya kingo kwa mpira wa bustani, fungua mlango, utazame kama kuna unyevu uliopita kwenye matundu ya klipu. Endesha gari kwenye barabara mbovu unayoijua, kisha pitisha kiganja kwenye ukingo wote ukibonyeza. Rudia ukaguzi huo baada ya wiki moja, kwa kuwa klipu iliyokaa nusu hujitokeza yenyewe baada ya joto na mtikisiko wa siku kadhaa. Kwenye sehemu za kuoshea magari kwa mashine ya presha, mwambie anayeosha aelekeze maji kwa mshazari na kwa umbali, asipige ukingo wa plastiki kutoka nyuma kwenda mbele. Klipu zilizobaki zifunge kwenye mfuko mdogo pamoja na karatasi yenye namba yake na jina la sehemu ilikotumika, uziweke kwenye sanduku la dashibodi.